Nyuma ya Kuta za Mbao

Berlin, 12 Februari 1947

Dada yangu Irmtraud,

Viazi vyako vimefika salama. Nimepewa filamu, naisimamia na kubuni mandhari yake. Mbao hazipatikani, kwa hiyo tunapaka rangi upya kuta za mbao zilizotumika katika filamu za wakati wa vita. Leo Egon, seremala wetu, aligeuza ukuta mmoja akacheka. "Bosi, soma huku nyuma. Jina lako, na filamu ya Wanazi."

Kwenye fomu ya Wamarekani ya kuomba kibali niliapa kwamba sikuwahi kuwafanyia Wanazi kazi.

"Paka rangi huko nyuma, kuta zote," nikamwambia.

"Zote arobaini? Haya, Bwana Msafi."

Tumemaliza. Kesho anakuja kukagua afisa wa Wamarekani, ambaye kwao alikuwa fundi wa mandhari ya filamu. Ni sasa tu nimekumbuka: watu wa kazi yetu hawapaki kamwe rangi upande wa nyuma.

Ichome barua hii.

Kaka yako,
Lothar