Faragha ya Bi Masuma

Rukaiya! Leo nilijua kazi ya hoteli basi tena 😂

Si unamjua Bi Masuma, mwenye duka la vitambaa Darajani? Kakodi ufukwe wetu mzima hapa Uroa, ale chakula cha mchana yeye na mumewe tu. Meneja kaniambia, "Hata paka asipite. Wanataka faragha kamili."

Basi nimesimama nnalinda. Bahari imekupwa, wanawake wanaolima mwani wanarudi na magunia kichwani. Mbele yao nani? Shangazi Mwanapili! Nnampungia mkono azunguke nyuma. Na yeye ananipungia, kafurahi kuniona!

Mara nnasikia Bi Masuma mwenyewe, mdomo umejaa pweza: "Karibuni!"

KARIBUNI! Si mazoea yetu hayo, unakula, mtu akipita lazima umkaribishe. Na huyo mpita njia hujibu "ahsante, starehe," akenda zake.

Shangazi yangu kasema ahsante, katua gunia, kakaa. Wallahi KAKAA! Yeye na wenzake wote, na kanga zao zimerowa, juu ya mito myeupe ya hoteli!

Nikasema leo nshakwisha. Kumbe mume anawasogezea sinia, na Bi Masuma anacheka mpaka anajifuta machozi.

Wanawake walipoondoka nikamkimbilia Bi Masuma kumwomba radhi kwa ajili ya shangazi yangu. Kanishika mkono:

"Radhi ya nini, mwanangu? Mwakani tunarudi. Hivi hivi, faragha kamili. Ila mwambie shangazi yako asichelewe."