Siku Tuliyomchoma Bibi Pylle

Østergade 9,
Faaborg,
Denmark.

29 Juni 1974

Mpendwa dada Asta,

Salamu nyingi zikufikie huko Tandil, zikukute mzima. Hujambo? Mgongo unaendeleaje na baridi ya huko kusini mwa dunia, maana najua sisi tukiota jua nyinyi ndio mnajifunika mablanketi? Na shemeji Anker ameacha kupanda farasi, au bado anajiona kijana? Barua yako ya Pasaka niliipata pamoja na picha. Wajukuu wamekua, na yule mdogo kachukua pua ya ukoo wetu, maskini.

Mimi mwili hauna neno. Magoti yanalalamika, lakini yanalalamika tangu nilipostaafu pale ofisi ya simu, nimeyazoea. Viazi vipya vimetoka na stroberi za mwaka huu ni tamu. Hayo ndiyo mazuri, nimeyamaliza. Sasa nisikilize, dada, maana nina hofu na sina mwingine wa kumwambia. Naogopa dada yetu Bodil atanifia mikononi. Na katika kuogopa huko nimefanya jambo baya.

Wewe ulihama Bodil akiwa bado anapigania kuwa mwigizaji. Basi aliupata huo uigizaji: miaka tisa pale Odense akiingia jukwaani na sinia, akisema chakula tayari, akitoka. Kisha vita vikaja, majira ya baridi hakuna makaa wala watazamaji, akarudi nyumbani amekonda. Baba, yaani baba yako mkubwa, alichukua kipande cha mti kilichobaki kwenye viatu vya mti alivyokuwa akivichonga, akachonga kichwa cha bibi kizee, pua imepinda, jino moja. Bodil akamshonea gauni jeusi na kilemba, akampa sauti kama mlango usiotiwa mafuta. Ndiye Bibi Pylle huyo, kikaragosi cha kuvaa mkononi.

Walianza mashuleni, wakaishia kwenye televisheni, kila Jumamosi kwa miaka kumi na minne. Hakuna mtoto nchi hii asiyemjua Bibi Pylle, anavyowagombeza kwa kutonawa mikono halafu keki anaiiba yeye. Bodil mwenyewe akipita sokoni hakuna anayegeuka. Hilo halijawahi kumuuma. Anasema waigizaji wengine hupendwa sura, yeye kapendwa mkono.

Ni mkono huo ndio unaoniua kwa hofu. Asiyejua hudhani kikaragosi ni mchezo. Hebu inua mkono juu ya kichwa, dada, uushikilie hapo mpaka umalize kusoma barua hii, uone. Bodil hufanya hivyo dakika arobaini kwa kila onyesho, na ana miaka sitini na sita.

Mwezi wa Februari nilimpeleka kwenye chekechea moja upande wa Svendborg. Mimi ndiye dereva na mbeba masanduku. Katikati ya mchezo Bibi Pylle akanyamaza, akainamia ukingo wa jukwaa, kichwa kinaning'inia. Watoto wakacheka. Wakapiga kelele Bibi aamke, Bibi asiwe mvivu, na kadiri alivyokaa kimya ndivyo walivyozidi kucheka. Nilipopita nyuma ya pazia nilimkuta Bodil kaanguka magotini, midomo ya bluu, macho hayanioni, mkono tu umenasa juu kwenye ukingo. Mpaka leo nikisikia watoto wengi wanacheka pamoja nageuka kumtafuta Bodil.

Alizinduka, akanitaka nisimwambie mtu. Mficha maradhi kifo humuumbua, nilimjibu, nikamburuta kwa daktari wa moyo. Daktari akasema moyo umechoka, mkono usipande tena juu ya bega. Bodil akaitikia kwa adabu kama mtoto wa darasa la kwanza. Tulipofika kwenye gari akaniambia ziara ya Agosti iko palepale: miji thelathini, na mabango yameshachapwa.

Nimembembeleza, nimelia, nimetishia kuwaandikia waandaaji. Aliniambia neno moja likanikaa moyoni: "Ragnhild, wewe miaka arobaini umewaunganisha watu wazungumze. Mimi ukinikata, nitazungumza na nani?" Nikamwambia sikio la kufa halisikii dawa. Akaomba kahawa.

Sasa sikiliza nilichofanya. Tarehe ishirini na tatu, mkesha wa Mtakatifu Yohana, kama unavyokumbuka, watu wa kamati ya moto hupita nyumba hadi nyumba kukusanya nguo kuukuu za kumvika mchawi wa majani anayechomwa ufukweni jioni hiyo. Gunia langu la nguo nililiweka barazani tangu asubuhi. Kando yake palikuwa na gunia jingine, la Bodil, ndani yake Bibi Pylle na vitambaa vya kumshonea, kwa sababu gauni lilikuwa limechanika kwapani. Hilo sikulipanga, nakuapia.

Mchana akaja Holger Bisgaard wa kamati na toroli lake, anapiga mluzi. Bodil alikuwa amelala juu. Mimi nilikuwa jikoni, dirisha wazi. Nikamwona Holger anachukua gunia la kwanza, kisha anachukua la pili.

Ninayo sauti, dada. Nililipwa mshahara kwa sauti. Sikuita. Nilijaza birika maji, nikaliweka jikoni, nikajiambia: Pylle hayupo, ziara haipo, ziara haipo, Bodil anaishi. Toroli likakata kona. Ufukweni ni mwendo wa dakika kumi, na nilikuwa na saa nane nzima za kulifuata lile gunia. Kila saa nilisema nitakwenda, na kila saa nilikaa.

Jioni tulishuka pamoja, Bodil kanishika mkono, jua bado liko juu kama kawaida ya Juni. Mji mzima ulikuwa pale. Mimi nilikuwa naomba Mungu wawe wamemshindilia ndani ya majani asionekane. Lakini Holger hana watoto wala televisheni, na pua nzuri ya kichawi haikumpita hivihivi. Alimpachika juu kabisa ya lile lichawi la majani, juu ya ufagio. Bibi Pylle alikuwa anatutazama sote na jino lake moja.

Bodil aliacha miwani nyumbani, hakumwona. Mwalimu mkuu akahutubia, moto ukawashwa, watu wakaanza kuimba. Ndipo binti mdogo aliyekaa mabegani kwa baba yake akauliza, "Baba, mbona wanamchoma Bibi Pylle?" Baba akasema huyo ni mchawi tu. Mtoto mwingine akasema si mchawi, ni Bibi Pylle. Kilio kikamshika mtoto mmoja, wakawa wawili, wakawa kumi, na wimbo ukafa vinywani mwa watu wazima.

Vidole vya Bodil vilinibana mkono. Alikaza macho kule juu, moto ulikuwa umefika kwenye gauni. Kisha akageuka, akaniangalia mimi. Nikaangalia viatu vyangu. Nilijua kwamba sasa ataanguka, hapahapa, na nitakuwa nimemuua kwa ile dawa niliyotaka imponye.

Hakuanguka. Alivua kitambaa chake cha kichwa, akakifunga kwenye ngumi, akamwambia Holger alisimamishe toroli wima mbele ya watoto. Akapiga magoti mchangani nyuma yake. Mkono ukapanda, juu kabisa ya kichwa, na ile sauti ikatoka:

"Nani analia hapo? Nimetoa gauni langu bovu lichomwe, mnanililia mimi? Futeni kamasi, mnanitia aibu mbele ya majirani."

Watoto wakanyamaza. Halafu wakacheka, dada, kile kicheko kilekile.

Wao waliona ngumi na kitambaa. Mimi nilisimama pembeni, nikaona kilichokuwa nyuma ya toroli: jasho, midomo inaanza ubluu, shingo imetoka mishipa. Dakika moja ingetosha. Hakuushusha mkono. Alikuwa anasubiri kile kichwa kule juu kiishe kuungua ili mtoto yeyote asigeuke akakiona. Nilitambaa kwenye mchanga na magoti yangu haya, nikafika chini yake, nikakishika kiwiko kwa mikono miwili. Mapigo ya moyo yalikuwa yanakuja mpaka kiganjani mwangu. Yalikimbia, yakasita, yakakimbia tena. Kila yaliposita na mimi nilisita. Hakunitazama, lakini aliniachia uzito wote wa mkono.

Tulipokuwa tunarudi aliniuliza kitu kimoja. "Uliliona gunia likiondoka?" Nikasema nililiona. Hakuniuliza tena. Siku tatu alikula chumbani, mlango umefungwa. Heri angenitukana. Nilikuwa nasimama kwenye ngazi nasikiliza kama anapumua, na nikimsikia anakohoa nilishukuru.

Alhamisi asubuhi nikamkuta jikoni na kisu cha baba na kipande cha mti, vumbi la mti meza nzima. Nikaanza kuomba radhi, akaninyamazisha kwa mkono. Alisema kile kilikuwa kichwa alichochonga baba, hawezi kunisamehe leo wala kesho, nisimharakishe. Akaendelea kuchonga. Kisha, bila kuinua macho, akasema Agosti nitakuwa naye nyuma ya pazia, kila mji, nishike kiwiko kama nilivyokishika siku ile.

Nikamwambia siwezi, naogopa.

"Mimi pia naogopa, Ragnhild," akasema. "Kila mkono unapopanda. Ulidhani sijui? Ndiyo maana nataka uwe pale."

Miaka sitini na mitatu mimi na yeye, Asta, na sijawahi kumsikia akisema anaogopa kitu. Nilivuta kiti, nikakaa kando yake. Baadaye nikachukua sindano, nikamuuliza gauni liwe refu kiasi gani.

Basi nimekubali. Tunaanza tarehe tano Agosti. Tangu Alhamisi silali vizuri, kiganja kinahisi mapigo hata nikishika kikombe. Nilifanya yote yale ili nisiione siku ya kifo chake ikija. Sasa nitakuwa nimepiga magoti chini yake, watoto wanacheka upande wa pili, na kama moyo ule utasita usirudi, mimi ndiye nitakayejua kabla ya mtu mwingine yeyote.

Usinihukumu kwa haraka, na ukinihukumu, niandikie hivyohivyo. Bora maneno yako kuliko kimya. Nisalimie sana shemeji Anker, mwambie ashuke kwenye farasi. Nisalimie Ingolf na mkewe, na Kirstine, na huyo mdogo mwenye pua yetu. Bodil hajui kama nakuandikia, lakini najua angekusalimu. Mungu awalinde huko mliko, na mikono yenu aitie nguvu.

Ni mimi nduguyo, nikupendaye na nisiyekuficha kitu,

Ragnhild