Bwana Harusi Hachezi

Jumatatu, 4 Machi

Samaki wetu amejua kucheza! Naandika bado nacheka.

Miaka mitatu nakaa mapokezi ya kliniki hii ya meno, na miaka mitatu naona watu wanakuja wameshika shavu, wanasikia mashine ya kutobolea inalia kule ndani, wananiambia "dada, nimesahau kitu kwenye gari." Hao! Wengine hata gari hawana. Ndiyo maana Daktari alileta lile tanki la maji ya chumvi, eti samaki hutuliza roho. Samaki wakafa mmoja mmoja, akabaki kitatange mmoja, bapa kama sahani, manjano na mistari ya buluu. Kumlisha na kupangusa kioo kukaniangukia mimi. Haikuwamo kwenye barua ya ajira.

Basi leo asubuhi redio inapiga, jamaa kaanza. Anachomoka mbio, anajipigiza ubavu kwenye jiwe, anatetemeka, anageuka, anarudi. Tena na tena! Mama mmoja alikuwa ameshashika kitasa akimbie. Karudi kukaa. Kang'olewa jino bila hata kuomba kwenda chooni kwanza. Daktari katoka na glovu zake kuangalia, kacheka mpaka barakoa ikamshuka kidevuni. Kampa jina palepale: Bwana Harusi.

Jumatano, 6 Machi

Viti havitoshi. Watu wamesimama hadi kwenye ngazi. Mlangoni kuna bango letu la zamani, USINGOJE MPAKA LIUME, sasa Daktari kabandika la pili pembeni yake: NJOO UMWONE SAMAKI ANAYECHEZA. Kila mtu na simu yake mkononi, anarekodi. Kaja mzee mmoja mwenye meno ya bandia juu na chini. Nikamuuliza kinachomsumbua. Hakuna, kaja kuangalia tu.

Nyumbani nimemwonyesha Shangazi video. Kaitazama mara sita. Huyu ndiye aliyenilea, na sijawahi kuona kitu kinachomtisha, isipokuwa kile kiti cha Daktari. Jino lake la chini kulia limeoza, shavu limevimba mwezi wa pili sasa, ukimuuliza anasema kalalia mto vibaya. Miezi miwili kalalia mto vibaya!

Leo mwenyewe, bila kusukumwa, kasema hivi: mahali ambapo hata samaki anafurahi kiasi kile hapawezi kuwa pabaya. Akimwona anacheza kwa macho yake, atakaa kwenye kiti. Asipocheza, nisimtajie tena habari ya jino mpaka anazikwa.

Alhamisi ya wiki ijayo, saa kumi jioni. Nimeandika miadi kwa kalamu nyekundu kabla hajabadili mawazo.

Ijumaa, 8 Machi

Nimeingia jikoni kutafuta maji, namkuta Shangazi kasimama na friji. Shavu la kulia kaliegemeza mlangoni, analisugua juu, chini, juu, chini, macho kafumba. Nikamuuliza kulikoni. Eti anasikiliza kama friji inafanya kazi.

Nimecheka mpaka nikakaa sakafuni. Halafu kicheko kikakatika.

Upande mmoja tu. Shangazi anasugua upande unaouma. Na Bwana Harusi — wiki nzima namwangalia — anasugua wa kushoto tu, chini ya jicho, pale anapopumulia. Wa kulia sijamwona hata mara moja. Sasa nani anacheza kwa shavu moja?

Jumamosi, 9 Machi

Ghorofa ya chini yetu kuna maabara, na ndani yake kuna mtu tunamwita Darubini. Alisomea samaki miaka minne, kazi ya samaki ikakosekana, sasa anapima choo cha watu. Nikamwomba apande juu mara moja. Kapanda ngazi mbilimbili! Nadhani hajaulizwa habari ya samaki tangu ahitimu.

Kapiga magoti mbele ya tanki, saa mkononi, anahesabu pumzi. Kasema anahema mara mbili ya kawaida, na upande wa kushoto kifuniko cha shavu hakifungi. Kisha akaomba wavu ninaotolea uchafu, akakata kauzi kamoja kalikonasa, akashuka nako kwenye darubini yake. Nikamfuata mbio.

Nimeona kwa macho yangu. Mayai! Kila yai lina uzi mrefu, yamejifunga kwenye wavu yenyewe kwa yenyewe. Kanieleza taratibu: ni ya minyoo bapa. Wanaishi kwenye matamvua, zile nyama nyekundu anazopumulia. Nyuma wana kulabu za kujishikiza, mbele mdomo, wanakula hapohapo walipokaa. Kama wageni wanaokuja na godoro lao. Na kila mnyoo ni dume na jike kwa pamoja. Nimewaonea wivu, kusema kweli. Hao hakuna shangazi atakayewauliza wataolewa lini.

Nikauliza, kwa hiyo hachezi? Darubini kanitazama kwa huruma. Anajikuna, dada. Anajikuna kwa sababu hapati pumzi.

Nimejisikia vibaya sana. Nimempigia makofi wiki nzima.

Dawa ni mbili. Kumwogesha maji yasiyo na chumvi, dakika tano, joto sawa na la tanki. Yeye atavumilia, minyoo hawavumilii. Au vidonge vya kichocho, unaviyeyusha tankini. Lakini akipona hatajikuna. Asipojikuna hachezi. Asipocheza — Alhamisi, saa kumi!

Jumatatu, 11 Machi

Nimemweleza Daktari. Kanisikiliza huku anapanga koleo zake kwa ukubwa. Kauliza nimekuwa daktari wa samaki tangu lini. Nikasema anaumwa, Daktari. Kasema mbona anakula? Mgonjwa gani anakula? Nikamkumbusha kwamba kila siku anawaambia wagonjwa kinyume chake: usiseme unakula, njoo mapema. Nikanyoosha kidole kwenye bango la zamani. Kajifanya hakuona kidole.

Halafu akalegea, kakaa kwenye kiti chake mwenyewe cha wagonjwa. Kasema miaka yote hii watu wakimwona njiani wanavuka barabara. Watoto wanafunga midomo. Wiki hii ndiyo ya kwanza watu wanaingia wanacheka. Nimpe mpaka mwisho wa mwezi tu. Tena, kasema, wewe si unamleta shangazi yako Alhamisi?

Kanipata. Nimerudi mapokezi kwangu. Ubaya ni kwamba nilirudi na furaha kidogo.

Jumanne, 12 Machi

Nimeshindwa kulala vizuri, nimepita duka la dawa kabla ya kazi. Nikaomba vidonge vya kichocho. Mfamasia kauliza ni vya nani. Nikasema vya mtu wa nyumbani. Uzito wa mgonjwa? Nikasema robo kilo. Kaweka kalamu chini. Kasema dada, kama ni vyako sema ni vyako, haya maradhi hayana aibu. Vidonge hakunipa, mpaka cheti. Pole alinipa nyingi, kwa sauti, mbele ya foleni.

Jioni Shangazi kanipokea mlangoni na macho mekundu. Habari zimeshafika! Kaniuliza nimeoga mto gani. Nani alinipeleka huko mtoni, na tulikuwa wawili au wangapi? Ningemwambia dawa ni ya samaki, angejua samaki anaumwa, na Alhamisi ingekufa hapohapo.

Nimekubali kichocho. Nimekubali na mto. Mto wenyewe nimeutunga.

Kanikumbatia. Shavu lake limenigusa shingoni, la moto kama pasi. Usiku huu hakula kitu kigumu, uji wa baridi tu kwa kijiko kidogo, upande wa kushoto.

Jumatano, 13 Machi

Leo hakucheza. Kakaa pale mpira wa hewa unapotoa mapovu, mdomo wazi, anahema. Watu wamesubiri. Mmoja kasema anapumzika, mwingine kasema anaringa. Daktari kaniambia nibadilishe redio, niweke kitu cha kasi. Nimeweka. Niliona haya kumwangalia usoni. Samaki, si Daktari.

Darubini kapita wakati wa chai, kahesabu pumzi, kageuka kuondoka. Nikambana. Kasema samaki wikiendi hataiona.

Alhamisi, 14 Machi

Naandika nimekaa juu ya kifuniko cha choo cha wafanyakazi. Mlango nimefunga. Naandika ili dakika zisinipotee.

Saa kumi kasoro robo Shangazi kafika, kavaa kitambaa chake kizuri, mkoba kaubana kifuani. Kaketi kiti cha mbele kabisa. Watu tisa nyuma yake. Kanikonyeza, kasema haya, na aanze. Nikageuka kwenye tanki. Bwana Harusi kalala ubavu kwenye mchanga.

Sikufikiri. Ningefikiri nisingefanya. Nilifunika tanki kwa taulo, nikawatangazia anavaa, kila bwana harusi huchelewa. Wakacheka! Nikamtoa kwa wavu chini ya taulo, nikamtia kwenye boksi la plastiki la kuwekea pamba, nikakimbia nalo huku chooni. Maji nilishayaandaa tangu asubuhi, yale ya chupa ya wagonjwa ya kusukutulia, nikayaacha jua la dirishani liyapashe. Joto nililipima kwa kipimajoto cha Daktari. Kumbe tangu asubuhi nilikuwa nimeamua na sijajiambia.

Dakika ya kwanza. Kapiga mkia mara moja, kasimama. Kalala tena. Darubini alisema atalala, nisiogope. Naogopa.

Dakika ya pili. Wanadondoka! Vipande vyeupe, bapa, kama punje za ufuta, vinatoka chini ya kifuniko cha shavu la kushoto. Vitano. Tisa. Vingine vinajikunja chini ya boksi. Na wiki nzima mimi nilikuwa naviita dansi.

Mtu anagonga. Daktari: Mapokezi, uko wapi, mama anauliza, watu wanauliza! Nimejibu tumbo. Kasema kwa sauti kubwa ndiyo kichocho hicho. Kumbe naye anajua.

Amegonga mwingine, polepole. Shangazi. Anasema kainua taulo. Tanki tupu. Anasema nimfungulie, yeye si mtu wa kudanganywa na taulo.

Nimemfungulia, nikafunga tena nyuma yake.

Kaangalia boksi. Kaangalia vile vyeupe. Nikamwambia yote kwa pumzi moja: hana furaha, Shangazi, hakuwa nayo hata siku moja, anasugua panapouma, na mimi sina kichocho, hakuna mto. Nilidhani atachukua mkoba aende. Makalio yake kayashusha kwenye ndoo ya kudekia, kaigeuza kwanza. Kauliza kwa sauti ndogo ambayo siijui: tangu lini anaumia?

Nikasema tangu Jumatatu ya wiki iliyopita, au kabla. Kasema, na sote tulikuwa tunamchekea.

Dakika ya nne. Hapigi mkia. Kifuniko cha kushoto kinafunga. Kinafungua. Kinafunga — kinafunga vizuri! Au naona ninachotaka. Daktari karudi mlangoni, kivuli chake nakiona chini ya mlango, na miguu haiondoki. Namsikia anahema tu. Redio imewekwa juu zaidi. Ukumbini wameanza kupiga makofi ya kumwita.

Shangazi ameinama. Ameweka shavu lake la kulia kwenye boksi, upande wa nje, pale ambapo samaki ameegemeza la kwake ndani. Halisugui. Ameliacha tu hapo kwenye plastiki. Anamwambia samaki, si mimi: ukitoka wewe, naingia mimi.

Zimebaki sekunde arobaini.