Utani Ulioingia Jaladani

Alhamisi, masika. Mvua haijakatika tangu alfajiri, Msimbazi kote ni tope, na mimi sina raha hata chembe.

Leo nimemsindikiza Bi Mwanaidi Ofisi ya Matunzo. Ni jirani yangu, analea wajukuu tangu mwanawe, aliyekuwa kuli bandarini, afariki. Ofisi hiyo ndiyo iliyokuwa ikimpa unga na maharage. Sasa kaletewa barua kwamba msaada umesitishwa kwa kuwa ana mali. Mali gani, hawakusema. Mimi ndiye balozi wa nyumba kumi, hivyo ilinipasa niende naye kupinga.

Balozi gani mimi!

Bi Mwanaidi ni Mzaramo, mimi Mnyamwezi. Tu watani, makabila yetu hutaniana bila kukasirikiana. Akipita barazani kwangu huwaambia wateja kwamba suruali ninazoshona hupasuka mtu akipiga chafya. Sasa mwezi uliopita alikuja afisa kijana, ndiyo kwanza kahamia hapa kutoka Moshi, akaniuliza hali ya mama huyu. Mwenyewe hakuwepo. Wateja walikuwepo, nami napenda kuchekesha. Nikasema, "Huyo Mzaramo asikudanganye! Ana shamba la minazi Kisarawe, na wanaume wawili wanagombania kumletea samaki."

Baraza zima likacheka. Afisa hakucheka, akaandika. Nilimwona akiandika, nikarudi kwenye cherehani yangu.

Leo, afisa yuleyule aliyemkatia msaada ndiye aliyekaa kusikiliza malalamiko. Alimwamkia vizuri, shikamoo mama, akaitikiwa marahaba. Kisha akasema taarifa zimetoka kwa mtu wa kuaminika.

"Basi mwanangu, niambie kasema nini, nami nijibu," Bi Mwanaidi akasema. "Hata mwizi akikamatwa huambiwa kaiba nini."

Afisa akafunga jalada. Hiyo ni siri ya ofisi, alisema. Akanigeukia.

"Ndugu Balozi, una la kuongeza?"

Nilisema sina.

Niliogopa kuonekana balozi mwongo, niliogopa kuvuliwa ubalozi, na wakati huo mama wa watu ameshika barua yake kwa mikono miwili anajitetea gizani. Angeambiwa neno moja tu, samaki, au Kisarawe, angejua ni mdomo wa nani na angecheka mpaka afisa naye aelewe. Neno hilo nilikuwa nalo mimi. Nilikaa nalo.

Tulipokuwa tunarudi alinishika mkono kwenye madimbwi. "Mtani, leo umenisitiri," alisema. "Wengine wangenitupa." Nilitamani ardhi ipasuke.

Kisha akaniomba nimwandikie rufaa kwa mkubwa wa yule afisa, maana yeye hajui kuandika. Alitaka jambo moja tu liandikwe: aambiwe nani kasema, na kasema nini.

Jioni hii nimeiandika. Nilijaribu kwanza kuzungukazunguka, "inadaiwa kuwa," "huenda palitokea kutoelewana." Nikaona aibu, nikachana. Ya pili inasema mtu huyo ni mimi, maneno yenyewe ni haya, yalikuwa utani na hayana ukweli wowote, na kwamba tunaomba asikilizwe upya na afisa mwingine. Nimetia sahihi.

Kesho, kabla ya kuipeleka, nitamsomea yeye kwanza. Huenda unga ukarudi, sijui. Ubalozi wakitaka wauchukue.

Akinitukana nitashukuru, nitajua bado tu watani. Ninachoogopa ni asikilize mpaka mwisho, aniambie "ahsante, Ndugu Balozi," kisha aingie ndani.