Usiifute Sauti ya Lodhi

S.L.P. 61,
Siakago, Embu.
9 Oktoba 1994

Mpendwa ndugu yangu Njue,

Pokea salamu nyingi kutoka huku nyumbani Mbeere. U hali gani huko Lahore? Kifua kimepona, au bado unalala madirisha wazi kwa sababu ya joto? Sisi tunapumua. Mguu wa mama unamsumbua, mvua hatujaiona, na mtama kidogo uliokuwa shambani umeliwa na ndege. Kwa upande wa afya ni hayo tu.

Barua yako ilifika Jumatano. Niliisoma nikiwa nimesimama pale posta, nikaikunja haraka nisije nikaichana mbele za watu. Umeniambia nimpe Ireri pongezi. Umesema umeiona kanda studioni, na alipoanguka kwenye vumbi ulishika kichwa ukasema huko Lahore hakuna mwigizaji wa kumfikia. Njue, keti chini. Ireri hakuwa anaigiza. Tulimzika mwezi wa saba.

Baba alikataza usiambiwe mpaka umalize mitihani. Sasa amri yake imekufanya umpigie makofi mtoto wa baba mdogo Njagi akikata roho, yule mliyekula naye sahani moja. Mimi siwezi kunyamaza zaidi ya hapa.

Tangu uende huko barua zako zimekuwa Lodhi, Lodhi, Lodhi, mtengeneza michezo ya televisheni. Habari za huyo mtu nazijua kuliko za babu yetu. Alianza kwa kubeba nyaya za kamera. Mchezo wake wa kwanza, ule wa wakulima na bwana shamba, ulipigwa marufuku na wanajeshi waliokuwa wakitawala huko, wakamtia ndani na kumpiga hadi sikio la kushoto likafa. Alipotoka akatengeneza mwingine mkali zaidi, na jioni ulipoonyeshwa, watu waliahirisha harusi ili wabaki mbele ya televisheni. Wewe ukatupa uhandisi, ukahamia masomo ya filamu ili umfuate.

Kwa hiyo alipokuja huku na kamera yake, kupiga picha ya ule mchezo wa koo mbili zinazogombania shamba uliomsimulia wewe mwenyewe, tulimchinjia kuku. Na sikumchukia, nisiseme uongo. Alimbebea mama mtungi wa maji. Alikaa na watu wa hapa mpaka wakasahau kamera ipo. Mimi nilikuwa nikitafsiri Kiingereza chake, maana Kiswahili alijua neno moja tu ulilomfundisha wewe, "tena." Kipande kikimpendeza au kisimpendeze, anapaza sauti, "Tena!" na watu wote wanarudia.

Matata yaliletwa na mbuzi. Wewe unajua kuapa kwa thenge ni nini kwetu: unamvunja beberu mifupa kwa jiwe huku ukitaja shamba lako, na baada ya hapo hakuna wa kulidai. Wazee walikubali kiapo kiigizwe kwa gunia la majani makavu tu. Siku yenyewe Lodhi akasema gunia linaonekana ni gunia, akaleta beberu mzima. Wazee wakachukua bakora zao wakaenda zao.

Ireri akabaki. Ulimjua, kila Krismasi alikuwa yeye Herode kanisani, na sasa televisheni ilikuwa imemfuata mpaka kwenye hoteli alimouzia chai. Lodhi akaniomba nimwambie ataje shamba la kweli, ili uso wake usidanganye. Ireri akaokota jiwe. Akavunja miguu ya yule beberu mmoja baada ya mwingine, akiapa kwamba shamba la kando ya mto Ena ni letu na anayelitaka avunjwe hivyo hivyo. Beberu alilia kama mtoto mchanga. Hakuna aliyecheka ila Ireri.

Shamba hilo ndilo tunaloshtakiana na ukoo wa kina Kithaka, na wanaume waliokodiwa kuigiza upande wa pili nusu yao walikuwa wa ukoo huo. Lodhi hakujua. Ireri alijua vizuri sana, ila alidhani mbele ya kamera maneno hayahesabiwi.

Kithaka mwenyewe, mmoja wa hao waliokodiwa, akatoka mbele. "Umetuchukulia shamba na mbuzi ya Muhindi! Kwani sisi ni wajinga?"

"Wacha bana, Kithaka," Ireri akamwambia, bado anacheka. "Hii si ni sinema tu?"

Kithaka na wenzake walikuwa wamepewa mapanga ya mbao yaliyopakwa rangi ya fedha. Waliyatupa chini, wakakimbilia ya kweli waliyotoka nayo shambani asubuhi, yaliyokuwa yamelazwa kando ya gari. Pigo la kwanza, la Kithaka, lilimpata Ireri begani. Niliuona mfupa, Njue. Damu ilirukia kamera. Kithaka alisimama, panga limeshuka, mdomo wazi, akiangalia alichofanya. Hapo Lodhi akapaza sauti kutoka nyuma ya kamera, kwa furaha kabisa: "Tena! Tena!" Tangu asubuhi Kithaka alikuwa akiitii sauti hiyo. Akainua panga. Pigo la pili lilikuwa la shingo.

Tulimpakia kwenye pikapu, nami nimeishika shingo yake kwa leso. Hatukufika Embu naye akiwa hai.

Kwamba Lodhi alidhani ni mchezo alipopaza sauti, nakubali. Lakini tulipokuwa tukimpakia Ireri nilimwona akipangusa kioo cha kamera kwa shati lake. Akaitoa kanda, akaiingiza kifuani, na jioni ile ile akaondoka kuelekea Meru kwa jamaa yake mwenye duka. Wewe akakuambia ni uigizaji. Mshenzi!

Usifikiri sisi tulikaa tukilia tu. Watu wetu waliichoma nyumba ya Kithaka. Waliwakata mbuzi wake miguu wakawaacha wakijiburuta uani. Mzee mmoja wa kwao alipigwa rungu mpaka jicho likatoka. Baba alirudi ananuka moshi, akaomba chai, nikampa.

Kithaka yuko rumande Embu kwa kesi ya kuua. Anasema aliambiwa arudie, na polisi wanamcheka. Mkewe Tabby alikuja kwetu akapiga magoti. Mama alimtemea mate, mimi nikamsukuma nje, akaangukia mawe na kupasuka goti. Mumewe namchukia hadi leo. Pigo la kwanza ni lake peke yake, na ningepewa panga ningemrudishia.

Lakini umeandika kwamba Lodhi atakufanya msaidizi wake, na kazi yako ya kwanza ni kufuta sauti yake kwenye kanda hiyo na kuweka ngoma mahali pake. Nilimsomea baba. Akasema nikuandikie umalize upesi, kwa sababu sauti ikifutika Kithaka atanyongwa na kina Kithaka hawatathubutu kutaja Ena. Hayo ni maneno ya baba, nimeyafikisha.

Maneno yangu ni haya. Kesi itasikizwa mwezi ujao. Nitasimama mbele ya jaji niseme nilichosikia, na baba ameshaniambia nikifanya hivyo nisikanyage kwake. Lakini neno langu peke yake ni nani atalisadiki? Ichukue hiyo kanda, Njue, iibe ikibidi, uilete na kelele zake zote. Najua itammaliza Lodhi. Najua na wewe utarudi mikono mitupu, na roho inaniuma kukuomba hivyo.

Wadogo zetu Phyllis na Antony wanakusalimu. Mama Ciku, mamake Ireri, anakusalimu pia. Hajui kwamba mwanawe yuko kwenye kanda. Akijua ataomba aonyeshwe, na sijui nitamjibu nini.

Mungu akulinde, akupe moyo mgumu kwa kazi hii. Jibu upesi. Ila kama umeshaifuta, usinijibu.

Dada yako anayekupenda,
Wambeti