Kitambaa Kwanza, Yaya

Yaya, dada yangu mkubwa mpendwa,

Leo ziwa limelala na ukungu umefika hadi mlangoni. Asubuhi za namna hii huwa nakuona umeketi juu ya kinu kilichopinduliwa, uani kwetu Nchelenge, shingo imenyooka, siku ile ulipokwenda kuolewa ng'ambo ya ziwa. Ilikuwa miaka ile ya hamsini, wasichana wote wa ziwani walipotaka nywele zilale.

Kichanuo cha chuma kilikuwa kwenye makaa ya mbabula, jiko letu la bati. Mama alikupaka mawese kidogo tu, maana yakizidi huchemka kichwani. Watu wa bwana harusi wakawa wanaita kutoka kwenye mashua. Mama akababaika, akachomoa kichanuo na kukileta moja kwa moja kichwani pako. Ukamshika mkono.

"Mama, kitambaa kwanza!"

Akakigusisha kwenye kitambaa cheupe. Kitambaa kikaungua, kikatoka mistari ya kahawia kama samaki wa kubanikwa.

"Banatuita, mutoto wangu. Bwato itaenda!"

"Acha bangoye kidogo kwa bwato yao. Sikio ingine nitatoa wapi?"

Tulicheka mpaka Mama akaketi chini. Akakipunga kichanuo hewani, akajaribu tena, kitambaa kikabaki cheupe. Nawe ukakunja sikio kwa kidole kimoja, ukafumba macho, ukaimba polepole. Nilicheka na wengine, lakini moyo uliniuma. Niliogopa kwamba ng'ambo utapata wadogo wengine, nasi utatusahau.

Salamu zako zikawa chache, kisha zikaja habari za kifo chako. Nilikulilia kwa hasira, Yaya, niseme kweli.

Jana binti yako alishuka kutoka mashuani. Ana shingo yako.

"Mama mudogo, ninaolewa. Nimekuya unitengeneze nywele."

Nikawasha mbabula. Nilipochomoa kichanuo, kabla sijafungua mdomo, akanipa kitambaa cheupe alichokuja nacho. Kisha akakunja sikio kwa kidole, akafumba macho.

"Nani alikufundisha?"

"Mama. Alisemaka, ni vile tunafanya kwetu, Nchelenge."

Kwetu, Yaya. Miaka yote hiyo uliendelea kusema kwetu. Nikakiacha kichanuo kipoe kabisa, nikaitazama shingo yake, kisha nikakipasha upya na kukijaribu kitambaani, maana sikio la mtoto lilikuwa karibu.

Pumzika vema huko uliko. Nywele zake zimelala vizuri, na masikio yote mawili ni mazima.

Mimi, mdogo wako wa kwetu