Mwezi wa Makapi Haujaisha

Alhamisi mchana. Upepo tangu asubuhi, mabati yanagonga, na mimi nimejifungia chumbani kwa kisingizio cha tumbo.

Nakuomba kabla hujaendelea: usimtumie mtu maneno haya, usiyanakili, usimsomee hata unayelala naye chumba kimoja. Wasomaji wa blogu hii ni wachache na wengi wenu hamnijui kwa sura. Ibaki hivyo. Jina la kata yangu sitalitaja.

Kwenye ukoo wetu, huku Hanang, mwezi hauanzi kwa sababu kalenda ya ukutani imefunuliwa. Unaanza ukiimbwa. Mwezi ukiandama, bibi yangu mzaa baba anatoka nje na kuimba wimbo wa mwezi huo, peke yake. Kadiri mwezi unavyojaa, wanawake wanaongeza sauti zao, moja baada ya nyingine, mpaka siku ya mbalamwezi wote wanaimba na kupiga ngozi kavu kwa viganja. Mwezi ukipungua, sauti nazo zinapungua. Siku za giza ni kimya. Watu hupangia mambo yao hapo: nitakurudishia dume lako sauti ya tatu ya mwezi wa vumbi. Kila mtu anaelewa.

Isipokuwa ofisini kwetu, kwenye ofisi ya kata. Ofisini tulicheka. Nasema tulicheka, kwa sababu nami nilicheka, nisije nikaonekana mshamba.

Mwaka huu kijiji kilitakiwa kumwachia bonde la malisho mtu mwenye matrekta ya ngano. Mkutanoni wazee walibanwa mpaka wakakubali, kwa sharti moja: ng'ombe wataondoka mwezi wa vumbi ukishaimbwa. Mtendaji wa kata, bosi wangu, alifurahi. "Waimbe hata kwaya nzima," alisema, "ilimradi tumalize."

Bibi hajaimba.

Mwezi umeandama mara mbili na mara zote alikuwa ndani, amefunga mlango. Kwa hiyo kwetu bado ni mwezi wa makapi, mwezi wa kupepeta. Mavuno yalishaingia ghalani zamani, lakini kila asubuhi wanawake wanatoka na nyungo zao kupepeta makapi yaleyale, ili mtu asije akasema mwezi umekwisha. Ng'ombe wako bondeni, wanakunywa maji.

Wiki iliyopita, wakati wa chai, Mtendaji alikuwa analalamika kwamba kikongwe mmoja amesimamisha serikali. Nikataka kuonekana najua kitu. Nikasema bibi akiugua au akisafiri, mjukuu wa kike wa nyumba ileile anaweza kuuimba mwezi, na unahesabika. Nilikuwa bado na andazi mdomoni.

Aliweka kikombe chini akaniangalia. "Na wewe ni mjukuu wa nani vile?"

Jumapili nilikwenda nyumbani baada ya ibada.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Umekuja au umetumwa?"

"Nimekuja."

"Huko ofisini kwenu ni mwezi wa ngapi?"

"Wa tisa, bibi."

"Mmefika mbali. Sisi bado tunapepeta. Chukua ungo."

Wanawake walicheka. Mmoja akaniambia niangalie nisichafue kucha za serikali. Nikapepeta. Vumbi la makapi likanijaa machoni na haikudondoka punje hata moja.

Aliyenifuata njiani nilipoondoka ni Paskalina, binti wa baba mkubwa. Kwetu ndoa haifungwi mwezi wa makapi. Ya kwake ilipangwa mwezi wa vumbi, na sasa tumbo lake khanga haiwezi tena kulificha. "Imba, mdogo wangu," aliniambia. "Ng'ombe watatafutiwa pa kwenda. Mimi nitakwenda wapi na hili?"

Huko juu tunakoambiwa tuwahamishie ni mawe matupu, ng'ombe hawatapata pa kwenda, hilo nalijua. Lakini kimya cha bibi kinamwumiza Paskalina kabla hakijamgusa Mtendaji, na hilo pia nalijua.

Leo asubuhi Mtendaji aliniita, akafunga mlango mwenyewe. Mkataba wangu ni wa muda, unaisha mwisho wa mwezi, yaani mwezi wake yeye. Kesho jioni mwezi unaandama. Gari lenye kipaza sauti litanichukua saa kumi.

"Binti, wewe ni msomi," alisema kwa upole. "Wimbo mmoja tu. Unaimba, unarudi unakunywa chai."

Nikasema, "Sawa, bosi." Nilisema haraka, kama ninavyosema kwa kila kitu.

Kinachonichoma ni hiki. Miaka yote hesabu yetu ilikuwa upuuzi wa watu wa porini. Siku ilipoonekana inaweza kuhamisha ng'ombe, imekuwa sheria.

Sitaimba.

Usinipongeze. Sijapata ujasiri wowote. Nina woga wa aina mbili, na nimechagua ule ninaoweza kulala nao nyumba moja. Tena najijua: nikiwa hapa kesho, gari likapiga honi, nitatoka na kupanda. Ndiyo maana naondoka leo kwenda kwa bibi, na Paskalina nitamtazama usoni nikifika.

Anayenihitaji asipige simu, nimetoa laini. Asiandike hapa chini, wa ofisini wanaweza kuliona jina lake. Panda basi la Haydom linalopitia Basotu, shuka mashamba ya ngano yanapoishia, fuata njia ya ng'ombe. Ukifika, shikamoo kwa kila mkubwa, usiruke hata mmoja. Usiniulizie kwa cheo. Sema unamtafuta mjukuu aliyesoma. Watakutania kidogo, kisha watakuonyesha.

Lakini ukiwa njiani ukisikia kipaza sauti kinaimba, na sauti ni ya msichana, geuka, panda basi la kurudi. Pale hutakuta mtu atakayekubali kwamba ananijua.